Je, Wajua? Elementi ya Kwanza Kutengenezwa na Binadamu Ilikutwa Kongo

Jedwali radidia lina elementi 118. Nyingi ni za asili: oksijeni, chuma, dhahabu. Nyingine zilianzia maabara, na ya kwanza kati yake ni tekineti, namba 43.

Kwa miaka mingi chumba chake katika jedwali kilikaa kitupu. Wapo waliotangaza kuipata, wakaumbuka. Mwaka 1937, wanasayansi Emilio Segrè na Carlo Perrier wa Palermo, Italia, walichunguza kipande cha molibdeni kilichotoka kwenye mashine ya Ernest Lawrence huko Berkeley, Marekani. Molibdeni ina protoni 42. Kwa kupigwapigwa na chembe ndani ya mashine ile, baadhi ya atomi zake zilipata protoni moja zaidi, zikawa tekineti. Kumbe mgeni aliyesakwa kote alikuwa ndani ya kipande chakavu cha metali!

Mambo hayakuishia hapo. Mwanzoni mwa miaka ya 1960, wanakemia walichambua zaidi ya kilo 5 za mawe ya urani kutoka Kongo, wakaambulia takriban sehemu moja ya bilioni ya gramu ya tekineti. Huzaliwa pale atomi za urani zinapopasuka zenyewe. Basi mpaka kati ya “asili” na “bandia” si mkali kama vitabu vingi vya shule vinavyouchora.

Hospitalini, aina ya tekineti iitwayo tekineti-99m hudungwa mshipani ili kamera ipige picha za mifupa, moyo au tezi. Baada ya saa 6, nusu yake huwa imekwisha kubadilika.