Hodi katika Vichochoro vya Kibera

Jina la Kibera, mtaa wa mabanda ulioko Nairobi, latokana na neno la Kinubi «kibra», yaani msitu. Mwanzoni mwa karne ya 20 serikali ya kikoloni ya Kiingereza iliwaruhusu askari wenye asili ya Sudani kukaa humo. Leo nyumba zimesongamana hata kichochoro kimekuwa ua: humo watu hufua, hupika, huuza. Kwa hiyo mgeni anayetembezwa na kiongozi mwenyeji hapiti njiani tu, bali yumo nyumbani mwa watu. Hodi yampasa kabla ya kupiga picha, kama impasavyo mlangoni. Tena hodi ni ombi: asiyejibiwa «karibu» hurudi. Kamera isiyongoja jibu humgeuza mwenye nyumba kuwa kitu cha kutazamwa.