NDEGE ZA IDI AMIN ZILIVYOSHINDWA KAGERA

Jumatano, tarehe 18 Oktoba, 1978, ndege za vita zilitokea juu ya mji wa Bukoba. Zilitoka Uganda. Ziliangusha mabomu, kisha zikageuka na kwenda zao. Askari wetu walizifyatulia risasi, lakini hawakuzipata.

Mabomu yale hayakuharibu vitu vingi. Lakini kishindo chake kilivunja vioo vya madirisha. Watu waliingiwa na hofu kubwa.

Ndege hizo zilikuwa za aina ya MiG, zilizotengenezwa na Warusi. Zina kazi mbili. Kazi ya kwanza ni kupigana na ndege nyingine angani. Kazi ya pili ni kushambulia askari, magari na madaraja ardhini.

Kutoka Entebbe hadi Bukoba, kwa kupita juu ya ziwa, ni kama kilometa 170. Ndege ya namna hii huweza kumaliza safari hiyo kwa dakika 12 hivi. Muda huo haumtoshi mtu kutoka sokoni hadi nyumbani.

Tarehe 30 Oktoba, askari wa Amin walivamia nchi yetu. Waliteka ardhi yote kutoka mpakani hadi Mto Kagera. Waliua watu, wakapora mali na ng'ombe. Kisha Amin akatangaza kwamba ardhi hiyo ni ya Uganda.

Lakini alikuwa na hofu moja. Jeshi letu lingeweza kuvuka mto kwa daraja la Kyaka. Kwa hiyo alituma ndege zake zilivunje. Zilijaribu, zikashindwa. Mwishowe, tarehe 3 Novemba, daraja lilivunjwa kwa baruti iliyotegwa na watu kwa mikono yao.

Je, jeshi letu lilikwama? La. Mwezi huo huo wa Novemba, askari wa JWTZ walitengeneza daraja jingine la muda, wakavuka. Adui alifukuzwa.

Vita ikaingia Uganda. Tarehe 7 Aprili, 1979, jeshi letu liliteka uwanja wa ndege wa Entebbe. Ndege ya vita bila uwanja ni kama mtumbwi bila maji. Siku nne baadaye, Kampala ilitekwa. Utawala wa Amin ukaanguka, na kikosi chake cha anga kikasambaratika.

Ndugu msomaji, ndege huua na kutisha, kisha huondoka. Haiwezi kukaa juu ya ardhi na kuilinda. Ardhi hulindwa na watu.

Ukipita Kaboya, wilayani Muleba, utaona makaburi ya askari wetu waliokufa katika vita hiyo. Ni mamia. Wapeleke watoto wako wayaone. Waeleze kwamba migomba wanayoilima leo ililindwa na hao.