Mbona tunatazama yanayotutia kinyaa?

AJALI ikitokea barabarani, magari hupunguza mwendo na abiria wakajaa dirishani. Siku hizi ajali hiyo humfuata mtu hadi kwenye simu, pamoja na video za maiti, vidonda vilivyooza na majipu yakikamuliwa. Mtazamaji hujifunika uso kwa kiganja, kisha akachungulia kati ya vidole. Je, ana kasoro ya akili?

La hasha. Kulingana na wataalamu, kinyaa ni mlinzi wa mwili. Usaha, kinyesi na mizoga hutuchukiza kwa sababu ndivyo vitu vinavyobeba maradhi. Mlinzi huyo hutusukuma nyuma, lakini udadisi nao hutuvuta mbele, kwani anayeijua hatari huweza kuiepuka. Katika utafiti uliochapishwa mwaka wa 2017, Suzanne Oosterwijk wa Chuo Kikuu cha Amsterdam aliwapa wanafunzi nafasi ya kuchagua picha. Mara nyingi walichagua kwa hiari zile za vifo na vurugu.

Mwanasaikolojia Paul Rozin wa Marekani huilinganisha hali hii na kula pilipili. Mwili hulalamika na machozi hutiririka, lakini akili inajua hakuna hatari, na hapo ndipo raha hupatikana.

Hata hivyo, kutazama ukiwa mbali si kinga kamili. Baada ya mabomu kulipuka kwenye mbio za Boston Marathon mnamo Aprili 2013, watafiti waliwahoji maelfu ya Wamarekani. Waliofuatilia habari za mkasa huo kwa muda wa saa 6 au zaidi kila siku, katika wiki iliyofuata, waliripoti msongo mkali kuliko hata waliokuwepo mlipuko ulipotokea.

Hivyo basi, kuchungulia mara moja ni jambo la kawaida. Kurudia kila usiku ndiko kwenye madhara. Zima mtindo wa video kujianzisha zenyewe kwenye simu yako, na usiwasambazie wenzako picha ambazo hawakuomba. Watoto wasiachiwe simu bila uangalizi. Iwapo picha ulizoona zinakurudia ndotoni, zinakukosesha usingizi au hamu ya chakula, na hali hiyo ikapita mwezi mmoja, mwone daktari au mshauri nasaha. Hilo si jambo la kuonea haya.