MUFWANKOLO, MUCHEZAJI WA LUBUMBASHI

Wengi wetu hapa Kasongo tukisikia neno tiatre, tunafikiri ya kama ni kazi ya Kifaransa tu: kukariri kitabu na kukitoa bila kukosea. Wenzetu wa Kabambare wanajua kusimulia hadithi hata wazee wanacheka, lakini mbele ya watu, kwa Kifaransa, ulimi unafungwa. Njo sababu tunaeleza habari ya Mufwankolo.

Jina lake la kweli ni Odilon Kyembe Kaswili. Alianza kucheza angali kijana, mbele ya uhuru wa 1960, wakati Lubumbashi iliitwa Elisabethville. Mufwankolo ni jina la muchezo, lakini lilishinda lile la kwanza, hata kundi lote likaitwa hivyo. Pamoja naye walicheza Kachelewa na Bibi Kawa. Watu waliwasikia katika redio, kisha wakawaona katika televisheni, na lugha yao ilikuwa Kiswahili cha nyumbani na cha soko.

Hawakuandika maneno. Kwanza walikaa pamoja, wakazungumza habari hata kila mutu akaielewa. Kisha waligawanya sehemu, kila mumoja akatafuta maneno yake mwenyewe, wakarudilia. Si kazi nyepesi: asiyeelewa habari hana kitabu cha kujificha nyuma yake.

Katika 1986 mwalimu mumoja wa Ulaya, Johannes Fabian, aliwauliza maana ya mezali isemayo ya kama utawala unaliwa muzima. Walimujibu kwa muchezo: chifu, wakubwa wake, na fujo ya kijiji. Waliucheza Kawama, karibu na Lubumbashi, na televisheni ikauonyesha. Ulikuwa wakati wa Mobutu, mambo ya utawala hayakusemwa ovyo. Lakini kwa njia ya kicheko yalisemeka. Fabian alitoa kitabu juu ya kazi hiyo katika 1990.

Mezali ile inatuuliza hata sisi tuliopewa kusimamia wenzetu: tunakula peke yetu, ao tunagawanya?

Basi, kwa sikukuu ya shule tunaomba walimu waturuhusu muchezo mumoja kwa Kiswahili. Wazazi wanatoka mbali kwa miguu. Si vizuri wapige makofi kwa jambo wasilolisikia.