Kabla Hujamlipa Fundi Aliyekukrakia Windows

Steshenari za Mwanga na Ujiji, mjini Kigoma, huishi kwa kompyuta moja au mbili: CV, barua za maombi ya kazi, vyeti vya kuskani. Mashine ikigoma, fundi anapiga Windows upya, anazima antivairasi, anaendesha krak, na yale maandishi ya kijivu ya "Activate Windows" kwenye kona ya chini kulia yanapotea. Unalipa ufundi tu; kii, yaani namba ya kuidhinisha Windows, ni bure.

Hapo pa kuzima antivairasi ndipo penye gharama. Krak za KMS hujifanya seva ya kampuni kubwa, ile inayoziidhinisha kompyuta zake kwa siku 180 kisha kuzihuisha. Mwaka 2021 watafiti wa kampuni ya usalama wa mtandao ya Red Canary walikuta vifurushi vya KMSPico, mojawapo ya krak hizo, vimebeba Cryptbot, programu inayokwapua nywila zilizohifadhiwa kwenye kivinjari. Na nywila za steshenari si za mwenye duka peke yake. Wateja hufungulia humo barua pepe na akaunti zao za Ajira Portal.

Kii halali ya Windows 11 Home inauzwa dola 139, zaidi ya shilingi laki tatu. Kwa laptopu ya mtumba, haiingii akilini. Kii za dola chache mtandaoni nisingezigusa: baadhi ni za makampuni, nyingine zimenunuliwa kwa kadi za wizi, na Microsoft ikizifunga muuzaji humpati.

Ila wengi wanahangaikia kitu ambacho tayari wanacho. Laptopu ya HP, Dell au Lenovo iliyotoka kiwandani na Windows 10 au 11 kwa kawaida ina kii yake ndani ya ubao mama. Piga toleo lile lile, Home kwa Home, unganisha intaneti, itajiidhinisha yenyewe. Shida ni mafundi wanaopiga Pro kwenye kila mashine, halafu wanalazimika kukrak. Andika slmgr /xpr kwenye Run. Laptopu yako binafsi ikitaja tarehe ya kuisha, muulize fundi aliweka nini.

Mashine kuukuu isiyobeba Windows 11 ni habari nyingine, maana msaada wa kawaida wa Windows 10 ulikoma tarehe 14 Oktoba 2025. Hiyo ipe Linux Mint na LibreOffice, zote bure. Jaribu kwanza kwa CV ya mteja yenye majedwali: ifungue, ichape, uone kama mistari imehama.