SATARANJI NA MASOMO: JE, MSHIKA MBILI MOJA HUMPONYOKA?

Wahenga walinena kwamba mshika mbili moja humponyoka. Methali hiyo ndiyo aliyonitolea baba mwisho wa muhula uliopita, ripoti yangu ikiwa mkononi mwake. Nilikuwa nimeporomoka kutoka nafasi ya 9 hadi ya 21. Kabla sijapata la kujitetea, akautoa ubao wa sataranji katika mkoba wangu na kuuweka juu ya kabati.

"Chagua, mwanangu," akasema. "Kitabu, au hii drafti yako."

Nilinyamaza kama maji mtungini. Ningemjibu nini mzee, na ripoti ilikuwa inajisemea yenyewe? Lakini swali lake lilinikosesha usingizi. Basi nikaanza kusoma habari za mabingwa wa mchezo huu, nipate kujua wao walishika mangapi, na ni lipi lililowaponyoka.

Kwanza, ndugu msomaji, tuelewane: sataranji si drafti. Drafti ni ule mchezo wa vifuniko vya soda tunaouona pale kwenye vibanda. Sataranji, ambayo wengi wetu hapa shuleni tunaiita chesi, ilianzia Bara Hindi, ikapita Uajemi na kwa Waarabu, na jina hili tulilo nalo limetufikia kwa njia ya Kiarabu. Ubao wake una miraba 64. Kila mchezaji ana kete 16: mfalme, malkia, ngome mbili, maaskofu wawili, farasi wawili na vitunda 8, yaani askari wadogo wa mbele. Ukimbana mfalme wa mwenzako asiwe na pa kukimbilia, umeshinda. Hakuna dadu, hakuna bahati nasibu. Ukishindwa ni akili yako imeshindwa, huna wa kumlaumu.

Sasa tuwatazame mabingwa wenyewe.

Bobby Fischer alizaliwa Marekani mwaka wa 1943. Alijifunza mchezo akiwa na miaka 6, kwa ubao alionunuliwa na dada yake. Mwaka wa 1956, akiwa na miaka 13 tu, alimtoa malkia wake sadaka akicheza na mtu mzima, Donald Byrne, kisha akashinda! Alipofika miaka 15 alikuwa tayari ana cheo cha juu kabisa cha mchezo huo. Na alipokuwa na miaka 16, yaani umri wangu mimi ninayeandika haya, akaacha shule. Alishika moja tu. Mwaka wa 1972, mjini Reykjavik, alimshinda Boris Spassky wa Urusi na kuwa bingwa wa dunia.

Wengi huishia hapo wakisimulia habari zake. Lakini mwaka wa 1975 alikataa kulitetea taji kwa sababu masharti yake yote hayakukubaliwa, na Anatoly Karpov akawa bingwa bila kusogeza hata kete moja. Fischer alikaa miaka 20 bila kucheza shindano lolote. Mwaka wa 1992 alirudiana na Spassky katika nchi ya Yugoslavia, iliyokuwa imewekewa vikwazo, na tangu hapo akawa anatafutwa na serikali ya kwao. Mwaka wa 2004 alikamatwa Japani. Iceland ikampa uraia, na huko ndiko alikofia mwaka wa 2008, akiwa na miaka 64, sawa na miraba ya ubao. Sisemi kwamba kuacha shule ndiko kulikomharibia maisha, maana sina ushahidi. Nasema tu kwamba alishika moja, na hiyo moja nayo ikamponyoka.

Mikhail Botvinnik alikuwa kinyume chake. Huyu alizaliwa mwaka wa 1911, akawa bingwa wa dunia mwaka wa 1948, na kazi yake nyingine ilikuwa uhandisi wa umeme. Mara mbili alinyang'anywa taji na mara mbili akalirudisha, mwaka wa 1958 na wa 1961. Wengine kama Karpov na Garry Kasparov walipitia katika mafunzo yake. Je, aliwezaje? Hapa ndipo nilipojifunza jambo. Baada ya kupata taji mwaka wa 1948, aliuweka mchezo kando miaka mitatu, hakuingia shindano lolote, akawa anaandika tasnifu yake ya udaktari wa uhandisi. Aliporudi ubaoni mwaka wa 1951 alikuwa ameshika kutu, na David Bronstein nusura amvue taji. Walitoka sare, 12 kwa 12, na kwa kuwa yeye ndiye bingwa, taji likabaki kwake. Alishika mbili, lakini si kwa mkono mmoja na kwa saa moja.

Wa tatu ni jirani yetu, Phiona Mutesi, wa mtaa wa mabanda wa Katwe mjini Kampala. Huyu hakuwa na hata moja la kushika. Baba yake alifariki yeye akiwa mdogo, karo ikakosekana, akatoka shule, akawa anauza mahindi. Siku moja alimfuata kaka yake hadi mahali ambapo Robert Katende alikuwa akiwafundisha watoto sataranji na kuwapa uji. Alifuata uji, akapata mchezo. Na mchezo ukamrudisha darasani. Aliiwakilisha Uganda Urusi mwaka wa 2010 na Istanbul mwaka wa 2012, kisha akaenda kusoma chuo kikuu Marekani. Filamu ya maisha yake ilitoka mwaka wa 2016, na Lupita Nyong'o wetu ndiye aliyeigiza kama mama yake.

Basi methali ni ya kweli au si ya kweli? Jamani, niseme ukweli wangu. Mimi sikuanguka kwa sababu ya sataranji. Nilianguka kwa sababu nilikuwa nachora miraba nyuma ya daftari la hesabu mwalimu akiwa ubaoni. Nilishika mbili kwa saa moja, na zote zikaniponyoka, maana hata michezo yenyewe nilikuwa nashindwa.

Nilimweleza baba habari za Botvinnik. Alisikiliza mpaka mwisho, akacheka kidogo, akasema, "Haya, mhandisi." Ubao umeshuka kutoka juu ya kabati, lakini kwa masharti: Jumamosi baada ya kazi za nyumbani, na siku nyingine ni vitabu tu. Ripoti ya muhula huu ndiyo itakayoamua kama utabaki chini.

Walimu wetu wapendwa, sisi wa kutwa tukifika nyumbani ni maji, ni kuni, ni wadogo zetu. Tukipewa nusu saa ya sataranji siku ya Ijumaa, hatutaiba saa ya hesabu. Nanyi wenzangu, shime! Chezeni, lakini kila jambo kwa saa yake.