Tamthilia za Kale Katika Filamu Bubu: Malighafi ya Bure, Faida ya Mashaka

Biashara ya kugeuza tamthilia za kale kuwa filamu bubu ilitegemea malighafi isiyolipiwa. William Shakespeare, mtunzi wa Juliasi Kaizari na Mabepari wa Venisi, alifariki mwaka 1616, kwa hiyo mtayarishaji hakudaiwa mrabaha. Unafuu huo ulizidi kuwa na thamani mwaka 1911, mahakama ya juu ya Marekani ilipoamua kwamba kutengeneza filamu kutokana na kazi yenye hakimiliki bila idhini ni kuvunja sheria.

Hapo awali filamu ilikuwa tangazo la jukwaa tu: London, mwaka 1899, vilipigwa vipande vifupi vya King John, mchezo uliokuwa ukionyeshwa jijini. Kufikia 1908, studio za New York zilikuwa zikibana tamthilia nzima katika mkanda wa takriban robo saa.

Wasambazaji walidai kazi hizo zingevuta watu wa heshima kwenye kumbi za kiingilio cha senti 5. Malalamiko ya wenye kumbi yana uzito kuliko dai hilo. Mtazamaji asiyeijua hadithi aliona watu wakipunga mikono, wakichomana visu na kufa, asijue kisa. Ili aelewe, ilibidi awepo msimulizi kando ya pazia, na ujira wake ulitoka mfukoni mwa mwenye ukumbi, ilhali kiingilio hakikupanda.

Kulikuwa pia na kikwazo cha polisi. Jiji la Chicago lilidai kibali cha polisi kwa filamu tangu 1907, na mwaka uliofuata ofisa mmoja wa polisi aliagiza filamu ya Macbeth ikatwe. Kwa maelezo yake, jukwaani sanaa huufunika uhalifu, lakini kwenye pazia huonekana kisu na damu. Hoja hiyo haishawishi: kibali kilihusu filamu za wanyonge, si jukwaa la wenye uwezo.

Uingereza ilijaribu njia nyingine ya kupata faida mwaka 1911. Mwigizaji mkuu wa filamu ya Henry VIII alilipwa pauni 1,000, nakala zikakodishwa badala ya kuuzwa, na baada ya wiki 6 zikachomwa moto. Uhaba ulipandisha bei, ila ulifuta kazi yenyewe, hasara isiyofidika.

Nyingi kati ya filamu hizo bubu zimepotea. Richard III ya 1912 ilijitokeza mwaka 1996, ikiwa imehifadhiwa na mwonyeshaji sinema mstaafu huko Oregon. Huenda nyingine zikapatikana, lakini mikanda ya naitreti huoza na kushika moto upesi, na kila mwaka unaopita hupunguza matumaini hayo.